Tom Tykwer ni nani? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu Mjerumani anayeandika, kuongoza, kutayarisha na kutunga muziki wa filamu zake

Mtazamaji wa Nairobi Half Life au Supa Modo akisubiri majina ya mwisho yapite, atakutana na jina la Kijerumani: Tom Tykwer. Akitazama filamu nyingine za mtu huyohuyo atalikuta tena, mara kwenye uongozaji, mara kwenye skripti, mara kwenye muziki. Maswali yanayofuata ndiyo yanayotufikia zaidi, mengi kutoka kwa vijana wanaotaka kutengeneza filamu na hawana chuo wala mfadhili. Swali lisilokuhusu, liruke.

Kwa ufupi, ni nani?

Alizaliwa tarehe 23 Mei 1965 Wuppertal, mji wa viwanda magharibi mwa Ujerumani unaojulikana kwa treni yake inayoning'inia juu ya mto. Ni mwongozaji, mwandishi wa skripti, mtayarishaji na mtunzi wa muziki wa filamu. Kabla ya hayo yote alikuwa mwendesha projekta na mpanga ratiba wa jumba la sinema, na kwa maoni yetu kazi hiyo ya mwanzo ndiyo iliyozaa nyingine zote. Dunia ilimjua mwaka 1998 kwa Lola rennt, filamu ya msichana mwenye nywele nyekundu anayekimbia mitaa ya Berlin.

Alisomea filamu chuo gani?

Hakuna. Aliomba nafasi katika vyuo kadhaa vya filamu barani Ulaya na vyote vikamkataa.

Lakini tusiseme kwamba hakusoma. Akiwa na miaka 11 alikuwa tayari anatengeneza vifilamu kwa kamera ya Super 8. Ujanani akapata kibarua katika jumba la sinema la mjini kwao, na humo akaona hata zile filamu ambazo umri wake haukumruhusu kukatiwa tiketi. Alipohamia Berlin aliendelea na projekta, na mwaka 1987, akiwa na miaka 22, akawa ndiye anayechagua filamu za Moviemento, jumba dogo la Kottbusser Damm mtaani Kreuzberg ambalo historia yake inaanzia 1907.

Mpanga ratiba wa sinema ndogo hujifunza jambo ambalo darasani halifundishwi: watu wanapotoka nje kuvuta sigara katikati ya filamu, ujue ni sehemu gani imewachosha. Aliona jambo hilo usiku baada ya usiku kwa filamu za watu wengine, kabla hajapoteza pesa kwenye za kwake.

Nani alimsukuma aanze kutengeneza za kwake?

Rosa von Praunheim, mwongozaji wa Berlin aliyezoea kutengeneza filamu nyingi kwa pesa kidogo na kusema wazi mambo ambayo wengine waliyaficha. Tykwer alifahamiana naye, na ushauri aliopewa ulikuwa mwepesi kusema na mgumu kutenda: acha kuiga filamu ulizozipenda, simulia unachokiishi. Kijana akaanza kurekodi ugomvi wake na mpenzi wake, akaugeuza kuwa filamu fupi, Because, ya mwaka 1990. Ikafuata Epilog mwaka 1992, ambayo ilimwachia madeni pamoja na ujuzi wa kutosha wa mitambo.

(Mpenzi huyo aliuonaje ugomvi wake ukitundikwa kwenye skrini? Swali hilo tungependa alijibu yeye.)

Filamu yake ndefu ya kwanza ni ipi?

Die tödliche Maria, yaani "Maria mwenye kuua", ya mwaka 1993. Ni habari ya mke wa nyumbani aliyebanwa kati ya baba mgonjwa na mume asiyemjali, katika nyumba isiyoingiza hewa. Nina Petri ndiye Maria. Ilionyeshwa kwenye televisheni na katika majumba machache tu, lakini imebeba karibu kila kitu kitakachokuja baadaye: muda unaochezewa, vitu vidogo vilivyopigwa picha kwa karibu mno, na muziki unaoisukuma picha badala ya kuifuata nyuma. Humo ndimo pia lilimoanza kundi lake. Mpiga picha Frank Griebe yumo, na waigizaji Nina Petri na Joachim Król utawaona tena katika Lola rennt. Król ndiye yule mzururaji aliyeokota mfuko wa pesa kwenye treni.

X Filme Creative Pool ni kitu gani, na kwa nini kinatajwa sana?

Ni kampuni ya utayarishaji iliyoanzishwa Berlin mwaka 1994 na watu wanne: Tykwer, mtayarishaji Stefan Arndt, na waongozaji Wolfgang Becker na Dani Levy. Kielelezo chao kilikuwa United Artists, kampuni ambayo Charlie Chaplin na wenzake walianzisha mwaka 1919 ili wasanii wamiliki kazi zao wenyewe.

Hapa ndipo tunapopenda kukaa, kwa sababu wengi wanaomsoma Tykwer kama mtu wa "nafanya yote mwenyewe" wanapitwa na jambo hili. Hali ya Ujerumani ya miaka ile ilikuwa hivi: majumba yalijaa filamu za Marekani, na za wenyeji zilizouza ni vichekesho vya mahusiano. Mwongozaji mmoja akienda peke yake kwa kituo cha televisheni au kwa mfuko wa ruzuku alikuwa mwombaji. Wanne wakienda pamoja, wana filamu mkononi na nyingine jikoni, wanasikilizwa. Kazi za mmoja zikianguka, za mwenzake zinailinda ofisi isifungwe.

Na walisaidiana kwelikweli. Tykwer aliandika pamoja na Becker skripti ya Das Leben ist eine Baustelle, iliyotoka 1997 chini ya uongozaji wa Becker. Becker huyohuyo, aliyefariki Desemba 2024, ndiye aliyeiletea kampuni Good Bye, Lenin! mwaka 2003, filamu iliyojaza majumba Ujerumani na kuvuka mipaka. Baadaye X Filme ilishiriki kutayarisha filamu za Mwaustria Michael Haneke, ikiwemo Das weiße Band iliyotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la Cannes, mwaka 2009. Waliongeza na kampuni ya usambazaji, X Verleih, ili hata safari ya filamu kwenda majumbani isishikwe na mtu wa nje.

Kwa hiyo ukisikia Tykwer ni "filamu huru", elewa kwamba uhuru wake ulikuwa wa chama tangu mwanzo. Bila wale watatu wengine, nafasi ya kuandika, kuongoza na kutunga muziki angeipata wapi?

Lola rennt ina nini hasa?

Manni, mpenzi wa Lola, amepoteza marki 100,000 (pesa ya Ujerumani kabla ya yuro) za jambazi. Ana dakika 20 za kuzirudisha, la sivyo ataingia supamaketi na bastola. Anapiga simu. Lola anatupa mkono wa simu hewani na kuanza kukimbia. Filamu inatuonyesha mbio hizo mara tatu, na kila mara sekunde chache za tofauti zinabadilisha kila kitu.

Tazama pale kwenye ngazi. Lola anapotoka mlangoni, televisheni ya mama yake inaonyesha katuni, na katuni hiyo ni Lola mwenyewe anayeshuka ngazi. Kwenye ngazi kuna kijana na mbwa. Mbio za kwanza anampita kwa woga, za pili kijana anamtega na kumwangusha, za tatu Lola anamruka mbwa. Yote yanayofuata barabarani, ajali ya gari, baba benki, ambulensi, yanaanzia hapo. Mwandishi angeweza kutuhubiria kuhusu majaliwa kwa kurasa kumi; yeye ametumia mbwa wa katuni.

Kuna jingine ambalo wengi hawalioni mara ya kwanza. Sehemu zenye Lola au Manni zimepigwa kwa filamu ya milimita 35. Zile ambazo wote wawili hawapo, kama mazungumzo ya baba na hawara wake, zimepigwa kwa video, zikaonekana chafuchafu na za mbali. Ni uamuzi wa bei nafuu, na una maana: bila wapenzi hawa dunia haina ubora. Uamuzi kama huo ungetoka wapi kama mwandishi, mwongozaji na mmoja wa wenye kampuni si mtu yuleyule? Mtayarishaji wa kawaida angeuliza kwa nini picha zinaharibika.

Filamu ilishindana katika tamasha la Venice mwaka 1998, na mwaka uliofuata ikashinda tuzo ya watazamaji katika tamasha la Sundance, Marekani.

Kweli anatunga muziki mwenyewe, au jina limewekwa tu?

Anatunga. Si peke yake: pamoja na Johnny Klimek na Reinhold Heil waliunda kikundi kiitwacho Pale 3, na midundo ya tekno ya Lola rennt ni kazi yao, sauti ya Franka Potente, anayemwigiza Lola, ikiwa ndani yake. Waliendelea pamoja hadi Perfume, The International na Cloud Atlas. Muziki wa Cloud Atlas uliteuliwa kuwania Golden Globe, na ule wa Perfume ulipigwa na okestra ya Berlin Philharmonic chini ya Simon Rattle, si jambo dogo kwa mtu aliyeanzia chumba cha projekta.

Jambo la kujifunza ni wakati wanapoanza. Kwa kawaida mtunzi huitwa picha zikiwa zimeshahaririwa, tena mhariri amezijaza muziki wa kuazima kutoka filamu nyingine, na mtunzi anaambiwa "nitengenezee kama huu". Tykwer na wenzake huanza wakati skripti ingali inaandikwa. Waigizaji na mpiga picha wanaweza kuusikia kabla ya kupiga shoti, na mhariri anakata kwa muziki wenyewe. Ndiyo maana mbio za Lola na pigo la ngoma haviachani.

Isipokuwa mara moja: Heaven ya mwaka 2002 haina muziki wake, ina wa mtunzi Mwestonia Arvo Pärt. Skripti nayo haikuwa yake bali ya mwongozaji wa Poland Krzysztof Kieślowski, aliyefariki 1996, na mwenzake Krzysztof Piesiewicz. Anajua pia kukaa kando.

Kuna kazi asiyoifanya?

Ndiyo, na ni zile ambazo wengi wetu hukimbilia kwanza: kamera na uhariri. Kamera ni ya Frank Griebe, tangu filamu fupi hadi za mamilioni. Uhariri wa Lola rennt na kadhaa zilizofuata ni wa Mathilde Bonnefoy, ambaye baadaye alipata Oscar kama mmoja wa watayarishaji wa filamu ya hali halisi Citizenfour.

Tunalisema hili kwa wale wanaoandika jina lao mara saba kwenye filamu ya dakika kumi. Kushika kamera, kuhariri na kuongoza peke yako, mara nyingi, ni kukosa mtu wa kukwambia shoti hii haifai.

Mtu aliyeongoza filamu za mamilioni ya yuro bado ni mwongozaji huru?

Swali hili huzua ubishi. Perfume ya mwaka 2006 iligharimu takriban yuro milioni 50, na mwenye usukani wa pesa alikuwa Bernd Eichinger, mtayarishaji mkubwa kuliko wote Ujerumani wakati ule. Tykwer aliandika skripti pamoja naye na Andrew Birkin, akaongoza, akatunga muziki, lakini haikuwa nyumba yake. The International ya 2009 ilikuwa ya studio ya Marekani. Hizo mbili, ukituuliza sisi, zimetengenezwa kwa ustadi mkubwa na hazina joto. Lile pambano la risasi la The International, ambalo kwa ajili yake walijenga upya ukumbi wa jumba la makumbusho la Guggenheim huko Babelsberg, linasisimua. Filamu iliyolizunguka imesahaulika.

Lakini "huru" kwa Mjerumani haimaanishi bila pesa za mtu, wala haimaanishi bila pesa za serikali. Huko kila kaya hulipa ada ya utangazaji, ambayo tangu 2021 ni yuro 18.36 kwa mwezi, na sehemu yake huingia kwenye filamu kupitia vituo kama ARD, ZDF na Arte. Sehemu ya mapato ya majumba ya sinema hukatwa na kurudi kwa watengenezaji kupitia taasisi ya FFA. Majimbo nayo yana mifuko yao, na hutaka pesa zitumike jimboni. Lola rennt yenyewe ilikuwa na mkono wa vituo vya WDR na Arte. Filamu huru ya Ujerumani ni ile ambayo wenye pesa ni wengi kiasi kwamba hakuna mmoja anayeweza kuamuru mwisho ubadilishwe.

Cloud Atlas iliongozwaje na watu watatu?

Kwa kugawana hadithi. Riwaya ya David Mitchell ina hadithi sita za zama sita. Lana na Lilly Wachowski walichukua ya mwaka 1849 na zile mbili za wakati ujao. Tykwer akachukua za 1936, 1973 na 2012. Vikosi viwili vilipiga kwa wakati mmoja, na waigizaji kama Tom Hanks na Halle Berry walihama kutoka kikosi hiki kwenda kile, leo mzee, kesho kijana. Ilikuwa miongoni mwa filamu ghali zaidi kuwahi kutengenezwa nje ya mfumo wa studio, takriban dola milioni 100, zikiwemo pesa za mifuko ya Ujerumani. Ilipotoka mwaka 2012 watazamaji waligawanyika, na mashaka mengi yaliangukia vipodozi vilivyowageuza waigizaji wazungu kuwa Wakorea. Mashaka hayo yalikuwa ya haki.

Urafiki huo na akina Wachowski haukuishia hapo. Katika tamthilia ya Sense8, iliyoanza Netflix mwaka 2015, Tykwer aliongoza sehemu za Berlin na Nairobi na kushiriki kutunga muziki. Yule dereva Capheus na matatu yake iliyoandikwa "Van Damn", na barabara zile zote za vumbi, ni mkono wake. Hakuwa mgeni Nairobi wakati huo, kama utakavyoona hapa chini.

Kenya aliingiaje?

Kupitia mke wake, Marie Steinmann. Yeye ndiye aliyekuwa akishughulika na shirika la One Fine Day, linalowafundisha watoto wa mitaa duni ya Nairobi muziki, dansi, sarakasi na uchoraji. Mwaka 2008 wawili hao walianzisha One Fine Day Films, na wakashirikiana na kampuni ya Nairobi, Ginger Ink.

Ya kwanza ilikuwa Soul Boy. Ilipigwa Kibera, kwa skripti ya Billy Kahora, chini ya Hawa Essuman, na waigizaji wakuu walikuwa vijana wa hapohapo. Abila, mwenye miaka 14, anamkuta baba yake kajilaza, anasema roho yake imeibiwa na mwanamke; mtoto anakwenda kumtafuta mwanamke huyo, Nyawawa, na kupewa majukumu saba. Tykwer hakuongoza. Alisimama pembeni kama msimamizi. Filamu hiyo ya saa moja hivi ilipata tuzo ya watazamaji Rotterdam mwaka 2010.

Baada ya hapo mpango ukapangika: DW Akademie, tawi la mafunzo la shirika la utangazaji la Ujerumani Deutsche Welle, ikaingia, wizara ya ushirikiano wa maendeleo ya Ujerumani ikatoa pesa, na kila mzunguko ukaanza na warsha ya watu kutoka nchi kadhaa za Afrika, wakigawanywa kwa fani, uandishi, kamera, sauti, uhariri, utayarishaji, mapambo ya seti. Kisha baadhi yao wanaingia kwenye filamu ndefu ya kweli, na walimu wakiwa begani mwao.

Filamu gani zilitoka humo?

Nairobi Half Life ya David "Tosh" Gitonga (2012), Something Necessary ya Judy Kibinge (2013), Veve ya Simon Mukali (2014), Kati Kati ya Mbithi Masya (2016), Supa Modo ya Likarion Wainaina (2018) na Lusala ya Mugambi Nthiga (2019).

Nairobi Half Life ndiyo iliyofungua njia. Mwas, anayechezwa na Joseph Wairimu, anauza DVD kijijini kwa kuigiza filamu zenyewe mbele ya wateja, risasi, mateke na sauti zote anatoa yeye. Anakwenda Nairobi kutafuta uigizaji. Siku ileile ya kwanza anaporwa, polisi wanamkamata, na rumande anaamrishwa asafishe vyoo. Mtu yeyote aliyeshuka basi jijini akiwa na begi moja na namba ya simu ya binamu anamjua Mwas. Ilikuwa filamu ya kwanza ambayo Kenya iliipeleka kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni, na Wairimu alipata tuzo ya mwigizaji bora Durban.

Kati Kati ilipata tuzo ya wahakiki wa FIPRESCI jijini Toronto, na Supa Modo ilitajwa kwa heshima katika tamasha la Berlin, upande wa filamu za watoto.

Sasa hizo ni filamu za Wakenya au za Wajerumani?

Hili ndilo swali linalotuletea barua kali zaidi. Wapo wanaosema: pesa za Berlin, walimu wa Berlin, kisha tuzo za Ulaya kwa hadithi za mitaa ya mabanda na wezi. Hoja hiyo haipuuziki. Filamu zilizopita haraka kwenye matamasha ya Ulaya ni zile ambazo Ulaya tayari ilizitarajia kutoka Nairobi, na mwenye mkoba huwa na sauti hata akinyamaza.

Lakini fuata majina ya fani, utaona mengine. Katika Soul Boy na Nairobi Half Life mkuu wa kamera alikuwa Christian Almesberger, mgeni. Kufikia Kati Kati kamera iko kwa Andrew Mungai, na katika Supa Modo kwa Enos Olik. Skripti za Kati Kati na Supa Modo ni za Wakenya, na wala hazihusu ujambazi: moja ni kambi ya watu waliokufa wasiojua kuendelea mbele, nyingine ni mtoto mgonjwa ambaye kijiji kizima kinamtengenezea filamu ili awe shujaa. Sisi tunasema ni za Kenya, kwa pesa zenye bendera ya Ujerumani, na bendera hiyo isifichwe.

Kinachobaki kuwa kidonda ni kwamba mpango uliwategemea wafadhili wa nje kwa kila filamu. Kampuni kama X Filme, yaani waongozaji wanne wa Nairobi au Dar es Salaam wenye ofisi moja na daftari moja la hesabu, hiyo haikuwa sehemu ya somo. Ilipaswa kuwa.

Kuna aliyefuata njia yake ya kazi nyingi?

Mugambi Nthiga. Alionekana kwanza kama mwigizaji katika Nairobi Half Life, akaandika Kati Kati pamoja na Masya, akashiriki skripti ya Supa Modo, kisha akaongoza Lusala. Masya mwenyewe alitoka kwenye muziki. Ni mmoja wa kundi la Just a Band. Hakuna aliyewaambia wachague moja.

Babylon Berlin ni yake pia?

Ni ya watatu: Tykwer, Henk Handloegten na Achim von Borries, walioiandika na kuiongoza pamoja kutoka riwaya za upelelezi za Volker Kutscher. Inaanzia Berlin ya mwaka 1929, miaka michache kabla ya Hitler kushika madaraka. Kilichowashangaza Wajerumani si hadithi, ni mkataba: kituo cha umma, ARD, na televisheni ya kulipia, Sky, vilichangia kikapu kimoja. Sky ikaonyesha 2017, ARD 2018. Ule wimbo wa klabu ya usiku, Zu Asche, zu Staub, ulioimbwa na Severija, Tykwer ni mmoja wa waliouandika. Kwa wengi wetu ndio mlango mzuri wa kuingia kwenye historia ya Ujerumani bila kufungua kitabu.

Amewahi kuanguka?

Zaidi ya zile mbili tulizozitaja: A Hologram for the King ya 2016, ambamo Tom Hanks ni mchuuzi wa Kimarekani anayemsubiri mfalme wa Saudia siku baada ya siku. Inachekesha mwanzoni, halafu inasubiri pamoja naye. Ilipigwa Morocco.

Yuko wapi sasa?

Februari 2025 filamu yake Das Licht ilifungua tamasha la Berlin. Ilikuwa mara ya tatu kwake kufungua tamasha hilo, baada ya Heaven na The International. Mwaka 2018 alikuwa rais wa majaji hapohapo. Das Licht ni ya familia ya Berlin iliyosambaratika chini ya paa moja, na mwanamke Msyria anayekuja kuwafanyia kazi za nyumbani. Mama wa familia, Milena, ana mradi Nairobi, kwa hiyo Kenya imeingia hata kwenye filamu yake ya Kijerumani. Ni ndefu, ina dansi mahali usipotarajia, na inataka kusema mambo mengi mno kwa pumzi moja. Tuliipenda nusu.

Nianze na ipi?

Lola rennt, haina hata saa moja na nusu. Ukiipenda, nenda Der Krieger und die Kaiserin ya mwaka 2000, aliyoipiga mjini kwao Wuppertal, na hiyo kwetu ndiyo bora yake. Sissi, muuguzi wa hospitali ya wagonjwa wa akili, amegongwa na lori na hawezi kupumua. Bodo, kijana anayewakimbia watu, anajificha chini ya lori hilohilo, anamkuta amelala, anamtoboa koo na kumpulizia pumzi kwa mrija wa kunywea soda. Mtu mwenye moyo mwepesi afumbe macho hapo, ni dakika chache tu. Nairobi Half Life usiwawekee watoto. Supa Modo wawekee, ukae nao.